Kanda Isiyo na Neno

Kamanda mstaafu Kitenge alivua viatu mlangoni mwa studio kana kwamba anaingia msikitini, akasimama na soksi zake juu ya nyaya. Mkononi alishika kanda ya sauti iliyofungwa kwa kitambaa cheupe. Kesho yake angepanda ndege kwenda Kinshasa, na kutoka huko Makka, na katika Kindu nzima alikuwa amebaki mtu mmoja tu ambaye bado hajamsamehe.

Mtu huyo, Twaibu, fundi wa sauti na mkata filamu, hakugeuka. Alikuwa akiondoa vikohozi katika filamu ya harusi, kimoja baada ya kimoja, kama mtu achambuaye mchele.

Imamu Moussa alikwisha kulieleza jambo bila kupindisha: haki ya Mungu husamehewa na Mungu, bali haki ya mja haisamehewi ila na mja mwenyewe. Basi Kitenge, ambaye wakati wa vita aliutawala mji kwa miezi minane, alizunguka mitaa wiki mbili akiomba radhi. Mama Safia alimsamehe mbuzi wawili. Mzee Djamali alimsamehe baiskeli, ila kengele yake akaiwekea Siku ya Kiyama.

La Twaibu ndilo lililokuwa zito. Mwaka ule wa vita, alfajiri moja, boti tano za Kitenge zilichomwa bandarini na adui wa ng'ambo ya mto, naye akajiokoa kwa kuogelea mto huo wa Lualaba, kiatu kimoja mguuni. Tangu hapo akamshuku kila kiumbe. Wiki haijapita, askari wakamletea fundi Twaibu, aliyekutwa stesheni, mikro yake ya kunasia sauti ameielekeza hewani, akirekodi mahali pasipo na mtu.

Twaibu alieleza kwamba ndiyo kazi yenyewe. Filamu ya mwajiri wake, Bwana Nestor, juu ya safari ya mpunga kutoka Kibombo, ilihitaji kimya cha kila mahali, kwani kimya cha stesheni si kimya cha soko, na mkata filamu akikikosa, kila aunganishapo picha, sauti hukatika masikioni kama kamba mbovu.

Kitenge alicheka, kisha akamfunga. Kwa siku kumi na moja makao makuu yote yaliisikiliza kanda ile. Sajini Célestin alisikia nzi. Akaamriwa arudi asikilize nyuma ya nzi. Mpishi alikatazwa kutwanga. Jogoo wa jirani alitiwa chunguni kwa kosa la kuvuruga uchunguzi. Mwishowe ripoti ya kurasa kumi na nne ilihitimisha kwamba kimya cha dakika tatu ni kirefu kuliko kinavyomfaa mtu mwema. Ndipo Twaibu alipoletewa Msahafu, akala yamini kwamba ndani ya kanda hamna neno hata moja. Akaachiliwa, kanda ikabaki.

Miaka zaidi ya ishirini Kitenge aliendelea kuisikiliza, sasa bila kutafuta kitu, hata yule nzi akawa kama jamaa wa nyumbani. Na katika kimya kile alianza kujisikia mwenyewe jinsi alivyokuwa.

"Yaya Twaibu," alisema, akimwita kaka kwa heshima, "nilikufunga bure. Mule mulikuwa kimya tu."

Twaibu akasimamisha mashine. "Siku kumi na moja, Kamanda."

"Ndiyo, njo hesabu yake. Nilikosa. Uniachilie, kesho niko naenda kwa nyumba ya Mungu."

Twaibu alimuuliza kama hawezi kungoja mpaka arudi. Kitenge akasema kuna wanaofia njiani, na kwa kusema hivyo akapiga magoti. Goti moja likaangukia plagi. Mashine ikazimika, bi harusi akatoweka pamoja na vikohozi vyake vyote vilivyosalia. Hakuna aliyeshughulika naye. Yule aliyewahi kuunyamazisha mji mzima alikuwa akilia kwa sauti, na fundi, kwa mazoea ya kazi, akamsikiliza mpaka mwisho bila kumkatiza.

Kisha akamnyanyua. Akampa mkono na kutamka kwa kusikika, kama desturi itakavyo, kwamba mbele ya Mungu amemsamehe siku zote kumi na moja, hapa duniani na kesho akhera.

Kitenge akashusha pumzi, akataka kuuvuta mkono wake. Twaibu hakuuachia.

"Sasa na weye unisamehe," alisema. "Kanda ulikamata ilikuwa ya pili. Ya kwanza ilishavuka mto kwa adui zako: bandari, dakika tano, boti tano."