Jino Juu ya Paa

Siku hizo nyumba ilimjua mtu kwa jino lake la mbele. Riziki, mtoto wa miaka tisa, alianguka asubuhi akiruka kamba, jino la mbele likang'oka zima. Mama yake, Siwatu, akalitupa juu ya paa la nyumba yao, kama alivyofanyiwa yeye utotoni.

"Loo, Mama Riziki! Hilo si la utoto, halitaota jingine," daktari wa meno alisikitika walipofika kwake. "Ungelitia kwenye maziwa bila kulisugua, ukaja mbio, ningelipandikiza likashika. Kalitafuteni upesi!"

Wakakimbia nyumbani. Mlango ukafunguka nusu.

"Karibu, Mama Riziki," mlango ukasema. "Huyo mgeni abaki nje."

"Mgeni? Huyu mwanangu!"

"Riziki yumo tangu asubuhi, jino lake liko paani."

"Mama, uambie ni mimi!" mtoto akalia.

Ndani, taa ya chumba cha Riziki ikawaka.