Mkono Wenye Mapengo

Mkono wa mwanamume ulikuwa ukizunguka polepole kwenye kioo cha kompyuta ya mkewe. Wa kushoto, wenye vidole virefu. Si wake, hilo mume alikuwa na hakika nalo.

Alikuwa amesukuma mlango kwa bega, amebeba chakula cha mchana cha mkewe, kama kawaida yake tangu aache kazi kiwandani. Mke hakumsikia. Alikuwa ameinamia kioo, akiivuta ngozi ya kidole gumba kidogo kidogo, kama mtu anayemfunika mtoto shuka.

“Karibu, shemeji,” alisema mchongaji wa karakana hiyo, aliyekuwa akifuta mashine yake. “Mwenzako siku hizi habanduki kwenye mkono huo. Hata chai haendi kunywa.”

Mume akacheka kicheko cha mdomoni. Ya moyoni aliyajua mwenyewe.

Kazi ya mkewe aliielewa. Skana hukipiga kitu picha, kompyuta huigeuza picha kuwa wavu wenye umbo la kitu hicho, na wavu hutoka na mapengo. Mke huyaziba yote, ndipo mashine iweze kuchonga. Pampu, gia, vifuniko: hivyo ndivyo alivyozoea kuviona pale. Kiungo cha mtu, hajawahi.

“Mbona una mapengo mengi hivyo?” aliuliza.

Mke akashtuka, akataka kukiziba kioo kwa kiganja, kisha akaacha. “Mwenyewe alikuwa amelala. Upande uliogusa shuka skana haikuuona.”

Amelala. Shuka. Kumbe ndiyo maana miezi hii mkewe alimtazama kwa huruma tu, na huruma si mapenzi.

“Na wewe ulikuwa wapi, mwenzio akilala?”

“Kando yake.”

Mchongaji akakumbuka ghafla kwamba ana bisibisi ya kutafuta chumba cha pili.

“Unaniambia hivyo machoni pangu,” mume alisema. “Ni mwanamume gani huyo?”

“Mwenye usingizi wa pono. Na wivu, naona.” Mke akabonyeza, pengo la mwisho likazibika. “Nilikupiga picha mkono wa kulia, nikaugeuza uwe wa kushoto.”

Akainuka, akachukua futi ya kupimia, akaanza kuifungua taratibu pini iliyobana mkono mtupu wa kushoto wa shati la mumewe.