Kompyuta ya Tatu

"Kompyuta zako ndizo zinazosema uongo," kaka yake fundi sauti alisema, kakunja nne kwenye kiti cha studio. "Kwenye rekodi niliyokuletea, Baba alitamka mwenyewe kwamba nyumba ni yangu peke yangu."

Fundi alimeza hasira. Kiongezo cha kuchambua sauti, programu ndogo inayopachikwa ndani ya nyingine, alikuwa amekiweka kwenye kompyuta mbili za mifumo tofauti, na zote zilionyesha jambo lilelile. Baada ya neno "nyumba", mvumo wa feni ulikatika, kisha ukaanza upya. Feni ya chumbani kwa marehemu baba yao haikuwahi kupumzika hata dakika moja.

"Basi lete kompyuta yako," alisema. "Usije ukasema nimekuonea."

Kaka mtu akamsukumia kompyuta yake kwa madaha. "Chukua. Mwenye haki haogopi."

Mfumo wake ulikuwa wa tatu, na kila mfumo una folda yake ya viongezo. Fundi aliitafuta mpaka akaipata, akakinakili kiongezo humo, akafungua programu ya sauti ili ikitambue.

Kabla hajagusa kitu, programu ikamwekea mbele orodha ya kazi zilizofanywa humo karibuni.

Baba kabla ya kukata. Baba jaribio la nne. Baba safi kabisa.

Akageuza kioo kimwelekee kaka yake. Ile nne ikakunjuka.

"Mdogo wangu, ngoja nikueleze."

"Unieleze wewe? Baba si yupo humu, atueleze mwenyewe!"

Alimfungulia mlango mama yao aliyekuwa akisubiri nje. "Mama, ingia." Kisha akapandisha sauti mpaka mwisho, akabonyeza ile ya kwanza.