Mikono ya Bingwa

Sheria inamtaka kila bingwa anayestaafu amwachie mrithi wake ustadi wa mikono. Nyamizi, bingwa wa mbio za kayaki, aliuacha wake kliniki bila kinyongo, akidhani watachukua kupiga kasia tu.

Tangu hapo mumewe ndiye anayesonga ugali. Nyamizi akishika mwiko, unga unabaki madonge.

Jana runinga ilimwonyesha bingwa mpya jikoni kwake. Alisonga ugali akiukandamiza ubavuni mwa sufuria, kisha akagonga mwiko ukingoni, mara mbili, taratibu.

"Nani alikufundisha?" mtangazaji akamuuliza.

"Hakuna. Mikono yenyewe inajua."

Nyamizi alisimama akazima runinga.

"Baba Minza," alimwambia mumewe, "marehemu mama alikuwa akigonga hivyohivyo. Alikuwa amenibakia katika mikono hiyo tu."