Tone la Maziwa

"Subira, kwa mara ya mwisho, anga ni ya bluu!" Mwasiti alimfokea binti yake. Nje, anga ilikuwa nyeupe pe, kama ilivyokuwa tangu mtoto huyo azaliwe. Ndege za kivuli zilishapita asubuhi kumwaga vumbi lao la kupunguza makali ya jua.

"Mbona mimi naiona nyeupe?"

"Wewe andika bluu! Mtihani unataka bluu."

"Kwa nini bluu, mama?"

Mwasiti akashusha pumzi. Alijaza maji kwenye bilauri, akadondosha tone la maziwa, akafunga pazia, kisha akamulika ubavuni kwa tochi ya simu.

"Mwanga wa jua una rangi zote. Ukipita hewani, bluu ndiyo inayotawanyika zaidi, inasambaa kila upande. Haya, tazama."

Kweli, maji yakaingia ubluu hafifu. Subira akatoa macho. Hapo hapo Kheri, mdogo wake, akainamisha pakiti nzima ya maziwa juu ya bilauri. Maji yakawa meupe pe.

"We Kheri! Una wazimu? Nani kakutuma?"

"Nilitaka yapendeze zaidi," Kheri akasema, pakiti tupu bado mkononi.

Subira akafunua pazia. Akatazama nje, akarudi kutazama bilauri.

"Mama, sasa maziwa tutayatoaje?"

Mwasiti alifungua mdomo afoke tena, kisha akainua macho. Juu ya bati, ndege za jioni zilikuwa zimeanza kupita.