Eda ya Mwanamkuu

Inspekta Kitsao alikuwa ameshatia mguu mmoja ndani ya nyumba ya Mwanamkuu, mudiri akamwambia autoe.

"Bibi huyu yuko edani," alisema mudiri, hakimu wa mahakama ndogo ya Msambweni. "Sitoi amri ya kumpekua mjane aliye edani. Utangoja miezi minne na siku kumi. Na kila Alhamisi uniletee vitabu vya hesabu vya baraza na ulichokipata, nivisome mwenyewe."

Inspekta akautoa mguu, kanuna. Nyuma ya pazia Mwanamkuu alishusha pumzi, machozi yakimtoka.

Shilingi elfu tatu za mabati ya shule zilikuwa zimepotea, na saini iliyokuwa kitabuni ni ya mumewe, Othman, karani wa baraza. Siku aliyoitwa kuhojiwa, Othman alichukua ngalawa kwenda Funzi. Ngalawa ilikutwa mikokoni imepinduka, kofia yake imenasa kwenye mizizi. Mwili haukuonekana. Watu wakamsalia hivyo hivyo, mahakama ikamhesabu maiti, mkewe akakaa eda. Na maneno, loo! Msambweni nzima ilisema pesa ziko chumba cha ndani, ndiyo maana mlango wake una kufuli.

Mwanamkuu aliyasikia yote akanyamaza. Aliomba jambo moja tu kila aliposwali: mudiri amsafishe Othman jina kabla eda haijaisha. Ikiisha, inspekta ataingia, na chumba kile kitafunguliwa.

Siku hazikumngoja. Mwezi wa tatu alimtuma vidonge vya homa mara nne jirani yake Biasha, ambaye ndiye aliyekuwa akimletea mahitaji. Biasha akamsihi aende hospitali, haiko mbali, na eda haimkatazi mgonjwa kutibiwa. Mwanamkuu akakataa, akalia mpaka Biasha naye akalia. Wiki ya mwisho akamtuma udi na yadi saba za bafta nyeupe, akaazima na jembe. Alisema panya wamechimba sakafu ya ndani, ataka kuikandika upya. Biasha alifurahi kwelikweli, kwani alijua mwenzake ajiandaa kutoka edani.

Alhamisi ya kutimia siku, mudiri alikuja mwenyewe. Aliketi barazani, inspekta kasimama kando na kofia mkononi. Biasha alikuwa ndani, ubavuni mwa mwenzake.

"Shikamoo, bwana mudiri," sauti ilitoka nyuma ya pazia.

"Marahaba, mwanangu. Nimekuja na habari. Mumeo hakula hata senti moja. Saini ile aliighushi Chirau, mweka hazina, na amekiri mahakamani. Nimeshatia muhuri. Hapana mtu atakayeingia nyumbani kwako."

Kisha Mwanamkuu akauliza, polepole, bwana mudiri alijua tangu lini.

"Tangu Jumamosi," mudiri alisema. "Vitabu vyenyewe vilinionyesha. Lakini nilitaka Chirau akiri mbele yangu kwanza, nisije nikakuletea habari ya kubatilika. Laiti Othman angalikuwepo, akaisikia kwa masikio yake."

Mwanamkuu alijikunja, akajitia kanga mdomoni, akalia kilio ambacho Biasha hakukisikia hata siku ile ya ngalawa. Moyo wa Biasha ulimpasuka, akamkumbatia. Huko barazani mudiri naye alifuta macho kwa ncha ya kilemba. Alingoja mpaka kilio kikapungua.

"Basi, mwanangu. Mshukuru Mungu, jina lake limerudi. Eda yako imekwisha leo. Koga, utoke nje."

"Bado, bwana mudiri," alisema Mwanamkuu. "Nimeianza Jumatatu."