Mstari wa Pili

Katika darasa la Mwalimu Tunu, lolote lililotokea ubaoni lilisomwa na wote kwa sauti moja. Ndivyo alivyowazoeza. Siku projekta ilipoletwa, aliunganisha kompyuta yake ya nyumbani ili awaonyeshe jinsi ya kupanda miche. Aliandika "Jinsi ya" tu, na kompyuta ikashusha ukutani yale aliyowahi kuyatafuta mtandaoni.

"Jinsi ya kumpenda mtoto wa kambo!" darasa zima likasoma.

Mwalimu akaruka kuziba ukuta. Maneno yakamhamia kwenye blauzi yake nyeupe.

Ikabaki sauti moja tu ikisoma, ya Raya, binti wa mumewe.

"Inatosha, mwanangu," Tunu alinong'ona.

"Bado, Mwalimu," Raya akajibu, kidole hewani, akiufuata mstari wa pili kifuani kwa Tunu: "Jinsi ya kumfanya akuite mama."